Moyo au Ukoo: Filamu Nne za Mwanzo za Kichina na Namna ya Kuchagua Utakayoanza Nayo

Watazamaji wengi wa Tanzania waliifahamu familia ya Kichina kupitia runinga mwaka 2011, pale TBC ilipoonyesha tamthilia ya Doudou na mama wakwe zake ikiwa imetiwa sauti za Kiswahili. Tamthilia hiyo ilipendwa kiasi kwamba Rais Xi Jinping aliitaja katika hotuba yake jijini Dar es Salaam mwaka 2013. Aliyevutiwa na mvutano ule wa mke, mume na wazazi wa pande zote mbili, na sasa akataka kujua sinema ya China ilianzaje kuusimulia, hukutana na majina mengi asiyoyafahamu, filamu zisizo na sauti, nakala zilizokatikakatika, na sifa nyingi zisizomsaidia kuamua aanze na ipi.

Makala haya yanalinganisha filamu nne zilizotengenezwa kati ya mwaka 1927 na 1954, zote zikihusu mtu anayetaka jambo moja kwa moyo wake huku ukoo ukidai jingine. Mbili kati yake zimewekwa katika enzi za kale, na waigizaji wake wanavaa mavazi ya enzi hizo. Nyingine mbili zilisimulia wakati wake zenyewe, ila kwetu leo nazo zimekuwa picha za China iliyokwisha kupita. Nimeziweka pamoja kwa makusudi, kwa sababu swali wanaloliuliza wahusika wake ni lile lile, na tofauti za majibu yake ndizo zinazomsaidia mtazamaji kuchagua.

Filamu zenyewe

Ya kwanza ni *Xi xiang ji*, ambayo hapa nitaiita Chumba cha Magharibi. Iliongozwa na Hou Yao mwaka 1927 kwa ajili ya kampuni ya Minxin, na ni filamu isiyo na sauti. Ya pili ni *Lian'ai yu yiwu*, yaani Mapenzi na Wajibu, iliyoongozwa na Bu Wancang mwaka 1931 chini ya kampuni ya Lianhua, nayo haina sauti. Wahusika wake wakuu wanaigizwa na Ruan Lingyu na Jin Yan. Ya tatu ni *Xiao cheng zhi chun*, Machipuko katika Mji Mdogo, kazi ya Fei Mu ya mwaka 1948 iliyotengenezwa na kampuni ya Wenhua mjini Shanghai. Ya nne ni *Liang Shanbo yu Zhu Yingtai* ya mwaka 1954, ya Sang Hu na Huang Sha, ambayo ni opera ya mtindo wa Yue, yaani tamthilia ya Kichina inayoimbwa, iliyopigwa kwa rangi. Unapozitafuta, andika jina la Kichina kwa herufi za Kilatini kama lilivyo hapa pamoja na mwaka, kwa sababu visa hivi vimerudiwa mara nyingi na ni rahisi kuangukia toleo jingine.

Vigezo vya ulinganisho

Nimetumia vigezo vinne. Cha kwanza ni chanzo cha wajibu: nani anaudai, na kwa mamlaka gani. Cha pili ni haki anayotendewa yule anayesimama upande wa familia, kwa maana kuna filamu zinazomsikiliza na zipo zinazomfanya adui tu. Cha tatu ni namna ya kusimulia, yaani kasi, uigizaji, sauti au ukimya, na kazi ya kamera. Cha nne ni mambo ya utendaji: urefu, hali ya nakala iliyobaki, na kiasi cha maarifa ya awali ambacho mtazamaji anakihitaji. Sikuweka kigezo cha umaarufu, kwa kuwa filamu inayosifiwa na wataalamu inaweza kumchosha mtu anayeanza, na inayodharauliwa kuwa ya machozi ikawa ndiyo itakayomgusa.

Wajibu unadaiwa na nani

Katika Chumba cha Magharibi, wajibu una mdomo mmoja, nao ni wa mama. Kisa chenyewe ni cha kale: kinatokana na hadithi ya Yuan Zhen ya enzi ya Tang, na umbo lake linalojulikana zaidi ni tamthilia ya Wang Shifu ya enzi ya Yuan. Binti Cui Yingying na mama yake mjane wamesimama katika monasteri ya Pujiu wakisafirisha jeneza la marehemu baba, na msomi kijana aitwaye Zhang anafika hapo akapanga chumba. Jambazi Sun Feihu anaizingira monasteri akimtaka binti, na mama, katika hofu yake, anatangaza hadharani kwamba atakayewaokoa ndiye atakayeozwa Yingying. Zhang anamwandikia rafiki yake aliye jemadari, jeshi linafika, majambazi wanashindwa. Ndipo mama anapogeuka na kusema kwamba binti alikwisha kuposwa na mpwa wake. Jambo la kuvutia ni kwamba kisa hiki hakiukanyagi wajibu. Kijakazi Hongniang, aliyewakutanisha wapenzi kwa siri, anapobanwa ajieleze, anamrudishia bibi yake hoja yake mwenyewe: aliyevunja neno ni yeye aliyeahidi mbele ya watu. Vijana wanaachiwa njia kwa sababu wajibu wa kutimiza ahadi umewekwa mezani dhidi ya wajibu wa posa ya ukoo, na hata hivyo mama anatoa sharti kwamba Zhang afaulu kwanza mitihani ya dola.

Liang na Zhu nao wanakabiliwa na mzazi mmoja, lakini hapa hakuna mlango wa hoja. Zhu Yingtai anavaa mavazi ya kiume ili apate kusoma, kwa kuwa shule hazikuwa za wanawake, na huko anaishi miaka 3 na Liang Shanbo kama ndugu bila Liang kung'amua kwamba mwenzake ni msichana. Wanapoagana, Zhu anamdokezea kwa mafumbo njia nzima, na Liang haelewi. Anapofahamishwa na kwenda kuposa, baba ya Zhu amekwisha kupokea posa ya familia ya Ma, yenye cheo na nguvu. Liang anaugua na kufa, na siku ya harusi msafara wa bibi harusi unapita karibu na kaburi lake. Filamu hii ilitengenezwa miaka michache baada ya Sheria ya Ndoa ya mwaka 1950 kupiga marufuku ndoa za kulazimishwa katika China mpya, na mtazamaji wa wakati huo alijua kwamba mzazi wa namna hii sasa alikuwa upande usio na sheria. Ndiyo maana sauti ya baba haina mtetezi ndani ya filamu.

Mapenzi na Wajibu ndiyo yenye wajibu unaobadilika sura, na kwa maoni yangu ndiyo inayolichimbua swali hili kwa muda mrefu zaidi. Mwanzoni anayedai ni baba: Yang Naifan, msichana wa shule, anapendana na mwanafunzi Li Zuyi, lakini baba amekwisha kumpangia ndoa na Huang Daren, naye anatii. Miaka inapita, ana watoto wawili, kisha anakutana tena na Zuyi, na safari hii anaondoka naye, akiwaacha mume na watoto. Kuanzia hapo baba hahitajiki tena, maana kazi yake inafanywa na mtaa, waajiri na magazeti. Zuyi anakosa riziki, anaugua kifua kikuu na kufa, na Naifan anabaki na binti mchanga aliyezaa naye. Katika sehemu ya mwisho wajibu unasemwa na watoto wenyewe, bila wao kujua. Naifan, sasa mshonaji aliyezeeshwa na kazi, anaitwa kuwashonea nguo wale wawili aliowaacha, anawapima mabega bila kuthubutu kujitambulisha. Na binti aliyemlea kwa shida anakataliwa na familia ya mchumba wake kwa sababu ya mama yake alivyoishi. Filamu inasema waziwazi kwamba ndoa ya kupangwa ilikuwa dhuluma, kisha inakataa kusema kwamba deni la mzazi kwa watoto wake linafutika kwa sababu hiyo.

Mji Mdogo haina mzazi hata mmoja. Vita na Japani vimekwisha, nyumba ya ukoo wa Dai imebomoka nusu, na waliobaki ndani yake ni wanne: Liyan, mwana wa ukoo aliye mgonjwa kwa miaka, mkewe Yuwen, dada mdogo wa Liyan, msichana mchangamfu aitwaye Dai Xiu, na mtumishi mzee Lao Huang. Anafika mgeni, daktari Zhang Zhichen, rafiki wa zamani wa Liyan, ambaye Liyan hajui kwamba aliwahi kupendana na Yuwen kabla hajaolewa. Hakuna anayekataza. Hakuna posa inayongoja wala jirani anayechungulia. Mume ni mtu mwema, mgeni ni rafiki mwaminifu, na mke amekuwa akimnywesha mumewe dawa kila siku bila mapenzi. Wajibu umehamia ndani ya kila mmoja wao, na ndiyo sababu hauwezi kubishiwa kwa hoja kama anavyofanya Hongniang.

Upande wa familia unasikilizwaje

Mtazamaji aliyelelewa katika jamii inayoiheshimu kauli ya wazazi ana haki ya kuuliza kama filamu itamdharau. Kwa kigezo hiki Mji Mdogo inasimama peke yake. Liyan si kikwazo tu katika hadithi ya mapenzi ya wengine. Anaona kinachoendelea, anajilaumu kwa kumfunga mkewe katika ndoa isiyo na uhai, na kwa uchungu wa kimya anataka kuondoka duniani ili wengine wapate nafasi. Kitendo chake cha kunywa dawa za usingizi kinamweka daktari mahali pagumu kuliko pote, kwa sababu ni yeye anayepaswa kumrudisha uhai mwanamume ambaye kifo chake kingemfungulia njia. Muda mfupi kabla ya hapo neno la kutisha limemponyoka Yuwen, kwamba labda mumewe afe. Filamu haimhukumu kwa neno hilo, wala haimtetei.

Mapenzi na Wajibu nayo ina uadilifu usiotarajiwa. Huang Daren, mume aliyeachwa, mwishoni ndiye anayepewa uamuzi wa huruma: Naifan anapoona kwamba uhai wake ndio unaomzuia binti yake kuolewa, anajitosa majini, na barua yake inamwomba Huang ampokee mtoto ambaye si wake. Anampokea. Mtu anaweza kusema kwamba huku ni kumwadhibu mwanamke na kumpamba mwanamume, na hoja hiyo ina uzito; mimi mwenyewe naona kwamba kifo cha Naifan kinalipa zaidi ya alichokopa. Lakini uso wa Huang katika sehemu hizo za mwisho si wa mshindi, na mtazamaji anaachiwa nafasi ya kuona kwamba ndoa ile ilimwumiza hata yeye.

Mama wa Yingying anapata nafasi ndogo zaidi, ingawa hali yake ya ujane, safari na jeneza vinatosha kumweleza. Ni mwanamke asiye na mume wa kumsemea, anayejaribu kulinda posa ambayo marehemu mumewe aliiahidi kwa mpwa wake. Baba wa Zhu Yingtai ndiye anayesikilizwa kidogo kuliko wote. Ni mtu anayeogopa kuwaudhi wakubwa na anayefurahia heshima itakayomjia kwa kuunganishwa nao, basi. Anayetafuta mjadala wa haki kati ya pande mbili hataupata katika Liang na Zhu, kwa kuwa filamu hiyo imekwisha kuamua kabla ya pazia kufunguliwa.

Namna ya kusimulia

Hapa ndipo tofauti zinapokuwa kubwa kiasi kwamba mtu anaweza kupenda moja na kushindwa kabisa kuimaliza nyingine.

Chumba cha Magharibi ina wepesi ambao wengi hawautegemei katika filamu ya 1927. Kuna kuzingirwa kwa monasteri, mapigano, farasi na ucheshi wa kijakazi, na kuna ndoto maarufu ambamo Zhang anaipanda brashi yake ya kuandikia, iliyokuwa kubwa mno, akaruka nayo angani. Taswira hiyo inamfaa kabisa mtu ambaye silaha yake pekee ni kalamu. Li Dandan, aliyeigiza kama Hongniang, ana uchangamfu unaoishi hadi leo. Baadaye aliacha sinema akawa rubani. Lin Chuchu, kama Yingying, ni mtulivu zaidi, na wepesi wa mmoja unauangaza utulivu wa mwingine.

Mapenzi na Wajibu inamtegemea Ruan Lingyu kuliko inavyotegemea kitu kingine chochote. Alikuwa na umri wa karibu miaka 20 tu, na katika filamu hii anaanza kama msichana wa shule, anakuwa mke wa nyumba yenye nafasi, kisha mpenzi aliyekimbia, kisha mama mzee wa kushona. Tena anaigiza pia kama binti yake mwenyewe aliyekua. Hakuna sauti ya kumsaidia. Mabadiliko yote yamo katika mabega, mwendo, namna ya kushika kitambaa na namna ya kutazama chini. Waigizaji wa filamu zisizo na sauti mara nyingi hulaumiwa kwa kuzidisha ishara, ila yeye hupunguza, na anapopunguza ndipo mtu anapoelewa. Ruan alijiua tarehe 8 Machi 1935, akiwa na miaka 24, baada ya maisha yake ya ndani kuanikwa magazetini. Wengi huitazama filamu hii kana kwamba iliutabiri mwisho wake. Nashauri mtazamaji aiweke habari hiyo kando mara ya kwanza, kwa sababu kazi yake inastahili kuonwa kama kazi ya msanii aliyeimudu sanaa yake, na Naifan anastahili kuonwa kama Naifan.

Fei Mu katika Mji Mdogo anafanya jambo ambalo sijaliona kwa mwongozaji mwingine wa wakati wake. Yuwen anasimulia kwa sauti yake juu ya picha, wakati mwingine akieleza mambo ambayo tunayaona yakitendeka, wakati mwingine akieleza ambayo asingeweza kuyajua, na sauti hiyo inafanya kila kitu kionekane kama kinakumbukwa na kinatokea kwa pamoja. Kila siku anatembea juu ya ukuta wa mji uliobomoka akiwa na kikapu chake. Usiku umeme unakatika saa sita na mishumaa inawashwa, na mwanga huo mdogo unatosha kueleza hatari ya watu wawili kubaki chumba kimoja. Picha inayofifia polepole ndani ya nyingine hufanya mazungumzo yaendelee bila kukatwa, kana kwamba kamera inaona aibu kuingilia. Kuna usiku Zhichen anamfungia Yuwen mlango ili kujizuia mwenyewe, naye anauvunja kioo kwa mkono na kujikata. Kisha daktari anamfunga kidonda, kwa utaratibu, bila maneno. Wei Wei, aliyeigiza kama Yuwen, anaitumia leso na kidole cha mkono kusema mambo ambayo mwandishi hakuyaandika. Ni filamu ya watu watano tu, na haina haraka. Asiyezoea kasi hiyo atadhani hakuna kinachotokea.

Liang na Zhu husimuliwa kwa wimbo. Opera ya Yue ya Shanghai ilijengwa na vikundi vya wanawake, kwa hiyo Fan Ruijuan anaigiza kama Liang na Yuan Xuefen kama Zhu: mwanamke anaigiza mwanamume, na mwanamke mwingine anaigiza msichana anayejifanya mvulana. Baada ya dakika chache macho huzoea, na upole wa uigizaji huo unaifanya nia ya Zhu ieleweke kuliko maneno yake. Mandhari yamechorwa na kupambwa kama jukwaa, rangi zake zikiwa laini, na mwisho wake, kaburi linapopasuka na vipepeo wawili wakatoka, haujifanyi kuwa kitu kinachoweza kutokea kweli. Mwaka 1954 Zhou Enlai, waziri mkuu wa China, aliionyesha filamu hii kwa wageni wakati wa Mkutano wa Geneva, akielekeza itambulishwe kwao kama Romeo na Juliet wa China. Maelezo hayo mafupi yalitosha kuwafungulia mlango watu wasiojua chochote kuhusu Yue, na bado yanamfaa mtazamaji wa Kiswahili anayemfahamu Shakespeare kutoka darasani.

Urefu, nakala na maandalizi

Kilichobaki cha Chumba cha Magharibi ni sehemu tu, ya takriban dakika 45, kutokana na toleo lililotayarishwa kwa ajili ya kuonyeshwa Ufaransa mwaka 1928. Ufupi huo ni faida kwa anayeanza, lakini una gharama: baadhi ya matukio hayapo, na ni vyema kusoma muhtasari wa kisa kabla ya kuitazama. Mapenzi na Wajibu ilidhaniwa imepotea kabisa hadi nakala ilipopatikana Uruguay katika miaka ya 1990. Ikarekebishwa mwaka 2014, na sasa inatazamika vizuri kwa muda wa takriban saa mbili na nusu. Haihitaji maarifa ya awali, ila inahitaji uvumilivu wa kusoma maandishi yanayotokea kati ya picha. Kwa filamu zisizo na sauti angalia pia muziki uliowekwa, maana wimbo mbaya unaweza kuiharibu, na hakuna ubaya kuizima sauti yake kabisa.

Mji Mdogo ni ya saa moja na nusu hivi. Baada ya Wakomunisti kushika madaraka mwaka 1949 ilipuuzwa kwa miongo kadhaa, kwa kuwa wakosoaji wa wakati ule hawakuona nafasi ya mapambano ya umma katika huzuni ya nyumba moja, na Fei Mu alifariki Hong Kong mwaka 1951 bila kuona inavyothaminiwa. Ilirudi machoni pa watu katika miaka ya 1980, na mwaka 2005 iliwekwa ya kwanza katika orodha ya filamu bora 100 za Kichina iliyotolewa na Tuzo za Filamu za Hong Kong. Tian Zhuangzhuang aliirudia kwa rangi mwaka 2002. Toleo hilo ni zuri, lakini lisichukue nafasi ya kwanza. Liang na Zhu ni ndefu kidogo zaidi ya hiyo, na maandishi ya tafsiri chini ya picha ni ya lazima kwa sababu nusu ya maana imo katika mashairi yanayoimbwa.

Inamfaa nani

Chumba cha Magharibi inamfaa anayependa kisa chenye hila, ucheshi na mwisho wenye matumaini, na pia anayetaka kuona sinema ya China ilikuwaje kabla ya sauti. Haimfai anayetaka hadithi kamili isiyo na mapengo. Mapenzi na Wajibu inamfaa mtu anayependa riwaya ndefu za maisha, aliye tayari kumfuata mhusika mmoja kwa miaka mingi na kulia naye. Itamkera anayeona kwamba wanawake wa filamu za zamani wanateswa kupita kiasi, na kero hiyo ina msingi. Mji Mdogo inamfaa mtu mzima zaidi, hasa aliyekwisha kuishi katika ndoa au kumuuguza mtu, kwa kuwa ugumu wake hauko katika kumpinga mkubwa fulani bali katika kuamka asubuhi na kuendelea. Liang na Zhu inamfaa mpenzi wa muziki, wa taarab kwa mfano, ambaye amezoea kungoja shairi limalizike na kuufurahia ufundi wa mwimbaji hata anapoujua mwisho.

Kuna mbili nilizoziacha nje ambazo mtu anaweza kuziulizia. *Tianlun* ya mwaka 1935, ya Luo Mingyou na Fei Mu, inasimama wazi upande wa wajibu na kuusifu utiifu kwa wazazi; ni muhimu kwa anayetaka kusikia hoja hiyo kutoka kwa watu walioiamini, lakini kilichobaki ni toleo lililokatwa kwa ajili ya Marekani. *Jia* ya mwaka 1956, iliyotokana na riwaya ya Ba Jin, ina ukoo mzima wa Chengdu, babu mwenye amri, kaka mkubwa aliyekubali kuoa asiyemchagua na kijakazi anayejiua ili asitolewe kuwa suria wa mzee. Ni nzuri, na Sun Daolin anamwigiza kaka yule kwa uchungu wa kweli, ila wahusika ni wengi na inafaa kuwa ya pili au ya tatu.

Kulingana na hali yako

Ukiwa na jioni moja tu na hujawahi kutazama filamu isiyo na sauti, anza na Chumba cha Magharibi. Ukiwa na vijana nyumbani na unataka mazungumzo kuhusu posa na ahadi, hiyo hiyo itakusaidia, kwa kuwa hoja ya Hongniang inaweza kuendelezwa mezani na kila mmoja akachukua upande. Kwa darasa la fasihi linalosoma tamthilia za Shakespeare, Liang na Zhu ndiyo jirani wa karibu zaidi, na wanafunzi wataona mara moja tofauti iliyopo: kule koo mbili zina uadui, huku hakuna uadui wowote, kuna cheo tu.

Kwa anayejiuliza maswali mazito kuhusu mama aliyeondoka, au watoto walioachwa, au heshima ya familia inayorithiwa na wasio na kosa, Mapenzi na Wajibu ndiyo inayosema mengi zaidi. Ni vyema kuigawa katika vipindi viwili, ukisimama pale Naifan anapoondoka nyumbani. Hata hivyo, kwa kuwa humo na katika Mji Mdogo kuna matukio ya kujiua au kujaribu kujiua, asizichague kwa sasa mtu aliye katika kipindi kigumu cha majonzi, na mwalimu azitazame mwenyewe kabla ya kuzionyesha. Liang na Zhu pia ina mhusika anayelifuata kaburi, ila kwa sura ya hadithi za kale, na wengi huipokea kwa wepesi zaidi.

Wanandoa wanaotaka kutazama pamoja wanaweza kuchukua Mji Mdogo, mradi wakubaliane kwamba hawatazungumza hadi iishe na kwamba hakuna atakayelazimishwa kusema alimwonea huruma nani. Na kwa mwenye nia ya kuzitazama zote nne, mpangilio ninaoupendekeza si wa miaka: aanze na Chumba cha Magharibi, afuate na Liang na Zhu ili aone kisa kinachofanana kikikosa mlango wa kutokea, aende kwenye Mapenzi na Wajibu, na Mji Mdogo aiwekee siku yake peke yake, asubuhi au usiku, simu ikiwa imezimwa.